Taa haibahatishwi: hotuba kwa mafundi wa jukwaa kuhusu kuendesha taa kwa laptopu

Haya ndo maneno niliyozungumza Jumamosi kwenye kikao cha mafundi wa taa na sauti hapa Dar es Salaam, wengi wao wa makanisani, kumbi za harusi na vikundi vya maigizo. Kuna waliokosa kuja wakaomba niyaandike, nimeyaandika yote kama nilivyoongea, picha za ukutani tu ndo sijaziweka.

Shikamooni wazee wangu mliokaa mbele, nawaona na nashukuru mmekuja. Na nyie vijana wa nyuma, mambo vipi? Sogeeni kidogo bwana, viti vya mbele viko wazi.

Naomba nianze na swali. Nani hapa ana laptopu? Nyosheni mikono. Karibu wote. Haya, nani ana taa za LED za DMX, zile zinazopokea amri kwa waya, kwenye ukumbi wake, hata mbili tu, hata za zamani? Wengi. Sasa, nani anaziendesha zile taa kwa hiyo laptopu yake? Mnaona mikono ilivyoshuka? Hapo ndo penye mazungumzo yangu yote ya leo. Laptopu mnayo, taa mnazo, kinachokosekana ni cha katikati, na kwa sababu ya hicho cha katikati kuna kumbi taa zinajiendesha zenyewe kwa mdundo wa muziki miaka nenda rudi, nyekundu kijani bluu, nyekundu kijani bluu, mpaka kwenye maombi ya toba. Jamani. Mtu amepiga magoti pale mbele analia anaombewa na ukuta wa nyuma yake unarukaruka rangi. Hilo linaniuma sana, na linaniuma zaidi kwa sababu linatibika kwa hela ndogo na siku mbili tatu za kujifunza.

Ninachotaka muondoke nacho ni hiki: taa haibahatishwi. Kutoka kwenye kidole chako kinachobonyeza kibodi mpaka kwenye ile taa kule juu kuna vitu vinne tu, programu, kiboksi, waya, na anwani ya taa. Vyote vinne unaweza kuvijua, na vyote unaweza kuvipima kimoja kimoja. Ukishavijua hakuna tena kusema "leo taa zimegoma", utasema waya wa tatu umekatika, utaenda kuubadilisha, onyesho litaendelea.

Tuanze na waya, maana huko ndo kuna siri yote. Nini kinapita kwenye ule waya wa DMX? Nauliza tena, nini kinapita? Mmoja hapo kasema umeme. Umeme wa kuwasha taa una waya wake, ule mwingine. Kwenye waya wa DMX zinapita namba. Zipo nafasi 512, kila moja ina namba kati ya 0 na 255, zinatumwa moja baada ya nyingine, zikiisha zinaanza upya, na zikitumwa zote 512 kwa kasi ya mwisho zinarudiwa kama mara 44 ndani ya sekunde moja. Basi, hamna uchawi mwingine. 0 maana yake zima, 255 maana yake washa yote, 128 ni kama nusu. Ni kama mwalimu anayesoma namba darasani kwa sauti tangu ya kwanza mpaka ya mwisho bila kuinua kichwa, haulizi nani kasikia, haulizi nani kasinzia, akimaliza anarudi mwanzo, na kila mwanafunzi kazi yake ni kusubiri namba yake ifike. Taa haijibu. Shikeni hilo, taa haijibu, tutalirudia kwenye usalama.

Na hili jambo la namba halikuanguka kutoka mbinguni, watu walihangaika. Kule Broadway, mtaa wa kumbi kubwa za maigizo New York, mpaka miaka ya 1970 maonyesho makubwa yalikuwa yanaendeshwa kwa makasha ya vishikio vya mkono, mafundi kadhaa wamesimama pembeni ya jukwaa, kila mmoja anavuta na kusukuma vishikio vyake akipewa ishara, na mkono mmoja ukichelewa mwanga wote unaharibika. Mwaka 1975 mama mmoja mbunifu wa taa, Tharon Musser, akaingia na mtambo wa kompyuta wenye kumbukumbu kwenye onyesho la A Chorus Line, ndo unatajwa kuwa wa kwanza kutumika Broadway, na kazi ile ikampa tuzo ya Tony. Fikirieni maana yake. Mkao wa taa unautengeneza mara moja, mtambo unaukumbuka, na usiku wa pili unakuja vilevile, usiku wa mia unakuja vilevile. Leo hiyo kumbukumbu iko kwenye laptopu uliyoiacha nyumbani juu ya meza.

Lakini baada ya kompyuta kukawa na vurugu nyingine. Dima za zamani, vile vifaa vya kupandisha na kushusha mwanga, zilikuwa zinaamriwa kwa volti, 0 mpaka 10, waya mmoja kwa kila dima, ukiwa na dima 48 una nyaya 48 na wa kurudia, na kila kiwanda kikaanza kutengeneza lugha yake ya kidijitali, mtambo wa huyu hauongei na dima za yule. Mwaka 1986 chama cha Wamarekani wa teknolojia ya majukwaa, USITT, kikakaa kikatoa DMX512, waya mmoja na lugha moja kwa wote, wakaiboresha 1990, na 2004 ikapitishwa kuwa kiwango rasmi cha ANSI, shirika la viwango la Marekani. Ndo maana leo taa uliyoinunua Kariakoo na taa aliyoinunua mwenzako Luthuli Avenue Nairobi zinakaa kwenye mstari mmoja na zinaelewana. Hii ni zawadi wakuu. Tusiidharau kwa kuacha taa zijiendeshe.

Sasa kiboksi. Hapa nitakaa kidogo maana hapa ndo pesa zenu zinapotea.

Laptopu haina tundu la DMX, ina USB, kwa hiyo unahitaji intafesi, kile kiboksi cha kutoka USB kwenda DMX. Vipo vya aina mbili, na kwa nje unaweza usione tofauti hata kidogo. Aina ya kwanza haina akili ndani, ina chipu tu ya kugeuza USB kuwa mawimbi ya waya, kazi yote ya kuhesabu muda, kwamba sasa nianze mstari, sasa nipumzike, sasa nitume namba, inafanywa na laptopu yenyewe. Ile Open DMX USB ya Enttec ndo mfano wake unaojulikana, na vya bei rahisi vingi mnavyoviona sokoni vimefuata mchoro huo. Aina ya pili ina kompyuta ndogo ndani yake, mfano ni DMX USB Pro ya haohao Enttec, laptopu ikishaipa namba yenyewe inaendelea kuzituma kwa muda sahihi, hata laptopu ikiganda kiboksi kinaendelea kutuma namba za mwisho kilizopewa. Mmenielewa? Laptopu imeganda na jukwaa bado lina mwanga.

Kuna kijana mmoja wa ukumbi wa harusi alinipigia simu usiku, sauti inatetemeka, anasema kaka taa zangu ni nzima mchana kutwa ila maharusi wakiingia zinaanza kushtuka. Nikamuuliza, maharusi wakiingia wewe unafanya nini? Akasema nawasha video yao kwenye skrini kubwa. Kwa laptopu gani? Hiihii. Unaona sasa! Kiboksi chake ni cha aina ya kwanza, laptopu inahesabu muda wa DMX, ghafla inabebeshwa na video ya picha kali, muda unateleza, taa zinapokea namba zilizokatikakatika zinaanza kuruka. Alikuwa tayari ameshapanga kununua taa mpya. Taa mpya! Akaazima laptopu ya pili ya video, na harusi ya wiki iliyofuata ikaenda laini. Kwa hiyo kama una kiboksi cha bei rahisi usikitupe, ila kipe laptopu yake peke yake, isiyo na video, isiyo na intaneti, isiyo na kingine chochote. Kama una ukumbi wa watu wanaolipa, tafuta chenye akili ndani.

Na chipu za bandia je? Hili lazima niliseme. Chipu nyingi za hivi viboksi ni za kampuni ya FTDI, na kwa sababu zinapendwa zimeigizwa sana. Mwaka 2014 FTDI walitoa draiva mpya, ile programu ya kuifanya kompyuta iongee na chipu, ikapita kwenye masasisho ya Windows, na ile draiva ikikutana na chipu ya kuiga ilikuwa inaifuta namba yake ya utambulisho inakuwa sifuri, kompyuta haikitambui tena kile kifaa. Watu dunia nzima waliamka vifaa vyao vimekufa na hawakuwa wamegusa kitu. Kelele zikawa nyingi wakaiondoa. Ila somo kwa fundi wa jukwaa bado liko palepale, laptopu ya taa haisasishwi wiki ya onyesho. Haisasishwi! Ukishaona inafanya kazi, zima intaneti, iache hivohivo mpaka onyesho liishe.

Tena kwenye Windows kuna kitu kinawasumbua wengi, ile kompyuta kuzima tundu la USB ili kuokoa betri. Ingia kwenye orodha ya vifaa, fungua tundu la USB, ondoa tiki ya kuruhusu kompyuta ikizime kifaa, kisha kwenye mpangilio wa umeme zuia laptopu kulala na zuia skrini kujifunga. Kwenye Linux shida huwa nyingine, mtumiaji wako hana ruhusa ya kukifungua kile kifaa, mara nyingi ukimwongeza kwenye kundi la dialout, ukatoka ukaingia upya, kinafunguka. Na kote kote, programu mbili haziwezi kukishika kiboksi kimoja kwa wakati mmoja, kwa hiyo kama ulikuwa unajaribu programu nyingine asubuhi na hukuifunga, ya jioni itakuambia kifaa hakipo.

Haya, waya. Nitasema jambo ambalo watu wa sauti hawatalipenda, ila wavumilie, ni ndugu zetu. Waya wa maiki sio waya wa DMX. Plagi zinafanana, XLR ya pini tatu, na ndo mtego wenyewe. Kiwango rasmi kinataka pini tano, makusudi kabisa ili watu wasichanganye, ila taa za bei nafuu karibu zote zinakuja na pini tatu. Waya wa DMX umetengenezwa kwa omu 120, wa maiki uko chini ya hapo, na kwenye mita chache utakubali, ukirefuka namba zinaanza kurudi nyuma na kugongana.

Kuna kanisa moja taa ya mwisho kwenye mstari, ile ya kona ya kulia, ilikuwa inawaka inavyotaka, wanaibadilisha wanaweka nyingine, nayo inaanza ujinga uleule. Wazee wa kanisa wakafika mahali wakaamini shida ni umeme wa kona ile. Tulipofika hatukugusa taa kabisa. Tulichukua plagi ya XLR tupu, tukachomea kwa lehemu rezista moja ya omu 120 kati ya pini ya 2 na pini ya 3, tukaichomeka kwenye tundu la kutokea la ile taa ya mwisho. Ikatulia. Rezista inauzwa bei ya kutafuna karanga wakuu, na ilikuwa imewatesa muda wote huo! Kazi yake ni kuzimeza namba zikifika mwisho wa mstari zisirudi. Kila mstari wa DMX uwe na hiyo plagi mwishoni, na usiugawe waya kwa kuunga matawi mawili kwenye plagi moja, waya unaingia taa ya kwanza unatoka unaingia ya pili, hivohivo mpaka mwisho. Ukitaka matawi, au taa zikizidi 32, nunua splita ya DMX, kiboksi cha kugawa mstari, na ikiwezekana iliyotenganishwa kwa mwanga ndani, umeme mbaya ukipita upande mmoja usifike kwenye laptopu.

Na nyie wa sauti mlioko hapa, lile jambo la nyaya zetu kupita kwenye bomba moja na zenu tuliongee leo. Mikisa ina zile volti 48 za maiki za kondensa. Mtu akikosea akachomeka mstari wa DMX kwenye tundu la maiki lenye hizo volti anaweza kuua kiboksi na saketi za kupokelea za taa zote kwa pigo moja. Kwa hiyo nyaya za taa zifungwe tepu ya rangi moja ncha zote mbili, za sauti zisifungwe rangi hiyo kamwe. Tukubaliane rangi? Njano? Haya njano.

Sasa anwani. Kila taa inabidi ijue inaanza kusikiliza kwenye namba ya ngapi, na itachukua namba ngapi. Kila nafasi ya namba inaitwa chaneli. Taa ya LED ya kawaida ya chaneli saba inaweza kuwa hivi, ya kwanza mwanga wote, ya pili nyekundu, ya tatu kijani, ya nne bluu, ya tano kumetameta, ya sita rangi zilizopangwa kiwandani, ya saba kasi. Ila taa hiyohiyo ina modi nyingine ya chaneli tatu au nne, na taa ya mwenzako mpangilio wake ni tofauti, kwa hiyo soma karatasi iliyokuja nayo. Msizitupe zile karatasi jamani! Zipigeni picha mziweke kwenye simu.

Ukiwa na taa nane za chaneli saba, anwani ni 1, 8, 15, 22, 29, 36, 43 na 50. Sawa kabisa kihesabu. Ila mimi napendekeza ziruke kumikumi, 1, 11, 21, 31 mpaka 71, unapoteza chaneli chache lakini saa ya presha kichwa chako kinajua taa ya nne ni 31 bila kalamu, na ukibadilisha taa ukaweka ya chaneli nane au tisa huhitaji kupanga upya mstari wote. Zile zenye swichi ndogo za kupandisha na kushusha badala ya skrini, kila swichi ina thamani yake, ya kwanza 1, ya pili 2, ya tatu 4, ya nne 8, ya tano 16, halafu 32, 64, 128, 256. Unataka 21? Ni 16 na 4 na 1, pandisha ya tano, ya tatu na ya kwanza. Unataka 31? 16, 8, 4, 2, 1, tano zote za mwanzo juu. Swichi ya kumi kwa kawaida haihesabiwi kwenye anwani, ina kazi nyingine ya modi.

Kuna kikundi cha maigizo cha sekondari moja walikuwa na tatizo la kuchekesha kwa anayetazama na la kuumiza kwa wao. Kwenye igizo kuna mfalme upande wa kushoto na mfungwa upande wa kulia, mwongozo unataka mfalme awake dhahabu na mfungwa abaki gizani na bluu kidogo. Kila wakimwangaza mfalme, mfungwa naye anang'aa dhahabu. Watoto wakafikiri laptopu imeharibika, mwalimu akataka warudi kwenye swichi za ukutani. Kumbe taa zote zilitoka kwenye boksi zikiwa na anwani ya 1, hakuna aliyegusa. Zote zilikuwa zinasikiliza namba zilezile! Msichana mmoja wa kidato cha tatu ndo akapanda ngazi na karatasi, akaandika anwani ya kila taa kwa maka penseli kwenye tepu pembeni ya taa, na kwenye onyesho la wazazi mfungwa alikaa gizani kwake kama mwongozo ulivyotaka. Huyo binti ndo fundi. Mnasikia? Alibandika tepu, akaandika. Taa haibahatishwi.

Programu sasa, nitapita haraka kwa sababu baadaye tutaifanya kwa mikono. Ninayoitumia kufundishia ni QLC+, ni ya bure, msimbo wake uko wazi, inakaa kwenye Windows, Linux, Mac na hata Raspberry Pi, kile kikompyuta kidogo. Kuna nzuri nyingine za kulipia, sizikatai, ila usianze kwa kukopa. Utaratibu ni huu. Kwanza sehemu ya vifaa vya kuingiza na kutoa, unatafuta kiboksi chako kwenye orodha, unaweka tiki ya kutoa kwenye yunivasi ya kwanza. Yunivasi ni hizo chaneli 512, mstari mmoja. Pili unaongeza taa, unachagua kiwanda na modeli kama ipo, kama haipo unatengeneza profaili yako kwa ile karatasi niliyowaambia msitupe, unaweka anwani ileile iliyo kwenye taa. Tatu unatengeneza mikao ya taa, mkao wa kwaya, mkao wa mahubiri, mkao wa maharusi kuingia. Nne unaweka vitufe kwenye skrini ya kuendeshea, vikubwa, vyenye majina ya Kiswahili anayoyajua hata yule atakayeshika nafasi yako ukiumwa. Halafu hifadhi, na faili lake la qxw linakili kwenye flashi, na flashi isikae kwenye begi moja na laptopu.

Kabla hujapanga mkao wowote, fanya jaribio hili: pandisha chaneli moja moja kwa kitelezi cha kawaida, taa moja moja, na tazama juu kinachotokea. Inachosha, najua. Ila hapo ndo utagundua taa ya tatu nyekundu yake iko kwenye nafasi ya kijani, na ni heri uligundue Alhamisi usiku ukumbi ukiwa mtupu.

Na ukishazidi chaneli 512 kuna njia ya mtandao, Art-Net na sACN, namba zilezile zinasafiri kwenye waya wa kompyuta mpaka kwenye kiboksi kilicho jukwaani. Nzuri sana kwa majukwaa ya wazi ambako meza ya fundi iko mbali. Ombi langu moja tu, tumia waya. Waifai ukumbi ukiwa mtupu inafanya kazi vizuri, watu mia tano wakiingia na simu zao utaona.

Sasa usalama, na hapa naomba tunyamaze kidogo tusikilizane. Nilisema taa haijibu. DMX haina namna ya kuhakikisha namba imefika salama. Ikikosewa kwa taa, rangi inaruka kidogo halafu namba inayofuata inasahihisha, hamna aliyekufa. Lakini kuna watu wameanza kuunganisha mashine za fataki za jukwaani na winchi za kupandisha vitu kwenye waya huohuo, na kiwango chenyewe cha DMX kinasema wazi isitumike kwa vitu ambavyo kosa lake linaweza kuumiza mtu. Nawasihi. Fataki na vitu vinavyobeba watu viwe na mfumo wake, na awepo mtu anayetazama kwa macho, mkono kwenye kitufe cha kuzima. Na taa za ukumbi za kutokea watu nje zisitegemee laptopu yako hata siku moja.

Na umeme ukikatika? Maana utakatika. Laptopu inaendelea na betri, taa zinazima, jenereta inawaka, taa zinarudi na kusoma namba zilizopo wakati huo. Muving hedi, zile taa zinazogeuza vichwa zenyewe, zinaanza kwanza kujizungusha kutafuta mwanzo wake, kwa hiyo tengeneza mapema kitufe cha mkao mmoja mpole, mwanga wa wastani, taa zilizotulia tu bila muving hedi, ukibonyeza hicho watu wanaonana huku zingine zinaamka. Pia ingia kwenye menyu ya kila taa uangalie ikipoteza mawimbi inafanya nini. Nyingine zinabaki na mwanga wa mwisho, nyingine zinazima, nyingine zinaanza disko lake la kiwandani. Kwenye msiba, ndugu zangu, kwenye ibada ya mazishi, waya ukichomoka kwa mguu wa mtu halafu taa ikaanza disko? Chagua ibaki na mwanga wa mwisho. Ni dakika moja kwenye menyu.

Jambo la mwisho kabla hatujaenda mezani, nalo ndo linalonifanya nipende kazi hii. Haya yote, namba, waya, anwani, tunayafanya ili uso wa mtu uonekane. Tuna ngozi nyeusi nzuri, na nyuma ya jukwaa tunapenda kuweka pazia jeusi, halafu mbele tunamwagia bluu tupu kutoka kwenye taa ya bei nafuu. Unaona nini? Unaona suti inatembea. Mhubiri hana macho, mwimbaji hana mdomo. Ukichanganya nyekundu, kijani na bluu zote 255 unapata weupe fulani wa baridi unaofanya ngozi iwe ya majivu, kama taa yako ina chaneli ya nyeupe au kaharabu, ile njano ya kuelekea machungwa, itumie hiyo kwa uso, halafu shusha bluu, ongeza nyekundu kidogo kidogo ukitazama uso wa mtu halisi aliyesimama pale, sio ukitazama skrini. Kisha weka taa moja nyuma yake juu, zambarau au kaharabu, ichore mabega na nywele zijitenge na pazia. Hiyo taa ya nyuma ndo inayomtoa mtu gizani. Kwa wanaorusha ibada mtandaoni, umeme wetu ni wa mara 50 kwa sekunde, kasi ya shata ya kamera ikiwekwa 1/50 mistari ya kuchezacheza mara nyingi inapungua, ikibaki pandisha mwanga wa taa maana LED nyingi hupunguza mwanga kwa kuwaka na kuzima haraka haraka.

Kuna bibi mmoja kwaya yao ina miaka mingi, baada ya kurekebisha taa za mbele aliangalia video ya Jumapili kwenye simu ya mjukuu wake, akasema, "Kumbe mimi hucheka nikiimba." Alikuwa hajawahi kujiona. Hiyo ilikuwa chaneli mbili tu wakuu, nyeupe na nyekundu.

Haya, tumeweka meza tatu pale nyuma. Meza ya kwanza ina kiboksi cha bei rahisi na chenye akili, kila kimoja na laptopu yake, mtawasha video muone wenyewe tofauti. Meza ya pili kuna lehemu, plagi za XLR na rezista za omu 120, kila mtu aondoke na plagi yake ya mwisho wa mstari, na mzee wetu wa sauti pale atawasaidia wale ambao hawajawahi kushika lehemu. Meza ya tatu kuna taa sita zote zina anwani ya 1, kazi yenu ni kuzitenganisha, na tepu na maka penseli vipo. Wenye laptopu zao wazitoe kabisa tuwawekee programu, chaja ziko ukutani upande wa dirishani. Karibuni.